Daniel Elazar na Swali la Nani Anaitawala Shule

Maktaba nyingi duniani hupanga vitabu kwa utaratibu wa Dewey, na humo dini yote ya Kiyahudi imebanwa kwenye namba moja, 296, wakati Ukristo umepewa sehemu kubwa ya darasa la 200. Mkutubi wa maktaba ya kawaida haoni tabu. Mkutubi wa shule ya Kiyahudi, ambaye vitabu vyake vingi vinaangukia hapo, anabaki na rundo. Tatizo hilo lilimkuta kijana mmoja mjini Detroit katika miaka ya 1950, alipokuwa akifanya kazi katika maktaba ya United Hebrew Schools. Yeye na ndugu yake David walitunga mpangilio mpya, 001 hadi 999, wote kwa ajili ya vitabu vya Wayahudi: Biblia ya Kiebrania kwanza, kisha Talmudi na sheria, ibada, elimu, lugha, fasihi, jamii, historia, Israeli. Elimu ilipewa namba mia nzima, 300 hadi 399, sawa na ibada na sawa na historia.

Kijana huyo ni Daniel Elazar, aliyezaliwa Minneapolis mwaka 1934 na kufariki Jerusalem Desemba 1999. Vyuoni anajulikana kama bingwa wa nadharia ya shirikisho. Wanafunzi wa siasa za Marekani wanamkumbuka kwa kitabu cha 1966 ambamo alieleza tamaduni tatu za kisiasa za majimbo ya nchi hiyo, na kwa jarida la Publius lililoanza 1971. Hayo yote ni kweli, na yote yanaacha nje jambo ninaloliona kuwa moyo wa maisha yake. Elazar alikuwa mwanasayansi wa siasa aliyetazama elimu ya watoto wa Kiyahudi kama suala la utawala, kwa uzito ule ule ambao wenzake waliutoa kwa bunge, kodi na jeshi. Wataalamu wa elimu waliuliza mtoto afundishwe nini na kwa njia gani. Yeye aliuliza nani anaamua, nani analipa, na nani atawajibika shule ikifa.

Hakulipata swali hilo vitabuni. Baba yake, Albert Elazar, alikuwa msimamizi mkuu wa hizo United Hebrew Schools za Detroit. Shule hizi hazikuwa mali ya sinagogi moja. Zilikuwa za jamii nzima ya Wayahudi wa mji: asubuhi mtoto alikwenda shule ya serikali pamoja na majirani wa kila dini, na alasiri akaenda kujifunza Kiebrania, Torati na historia ya watu wake. Serikali haikutoa senti, na hakuna sheria iliyomlazimisha mzazi kumpeleka mtoto. Hata hivyo mfumo ulikuwa na bodi, bajeti, walimu wa kuajiriwa, majengo, mtaala na ugomvi wa kudumu kuhusu yote hayo. Aliyekulia karibu na mambo hayo anajua mapema kwamba watu wanaweza kujitawala bila kuwa na dola, na kwamba shule ni mahali pa kwanza ambapo kujitawala huko hupimwa.

Kutoka Detroit alikwenda Chuo Kikuu cha Chicago, kwa Morton Grodzins, mwalimu aliyepinga fundisho lililozoeleka kwamba serikali kuu na majimbo ya Marekani zilifanya kazi kila moja kivyake hadi karne ya 20. Elazar alipata shahada ya uzamivu mwaka 1959, na mwaka 1962 utafiti wake ukatoka kama kitabu, The American Partnership. Alifukua kumbukumbu za karne ya 19 na kuonyesha kwamba ngazi hizo mbili zilishirikiana tangu mwanzo. Miongoni mwa ushahidi wake yamo mambo ya shule. Sheria ya ardhi ya 1785 iliagiza maeneo mapya ya magharibi yapimwe kwa vitongoji vya mraba, maili sita kwa sita, kila kimoja kikigawanywa vipande 36, na kipande namba 16 kitengwe kwa ajili ya shule. Serikali kuu haikujenga shule wala kuajiri mwalimu. Ilitoa ardhi, na wenyeji wakafanya yaliyobaki. Mwaka 1862 Sheria ya Morrill ikafanya vivyo hivyo kwa vyuo: ardhi ya taifa, vyuo vya majimbo.

Nimerudi mara kadhaa kwenye kipande hicho namba 16, kwa sababu ndipo fikra zake zote zinapoanzia. Watu waliokuwa hawajajenga hata barabara walikuwa tayari wamekubaliana shule itakaa wapi na italishwa na nini. Elazar aliona hapo makubaliano: pande kadhaa, kila moja na mamlaka yake, zinafungana kwa jambo ambalo faida yake wataiona watoto wao. Baadaye angelijengea jambo hili nadharia kubwa, katika vitabu vinne kuhusu mapokeo ya agano katika siasa, vilivyotoka kati ya 1995 na 1998. Nchi, alieleza, huundwa kwa njia tatu: kwa nguvu, kwa kukua zenyewe kidogo kidogo, au kwa watu kukaa na kukubaliana. Njia ya tatu aliifuatilia nyuma hadi Biblia ya Kiebrania, hadi Sinai, kisha mbele hadi Uswisi, Uholanzi, Uskoti na makoloni ya New England.

Mimi naisoma nadharia hiyo hivi. Utawala wa nguvu hauhitaji raia aelewe, unahitaji aogope. Utawala uliokua wenyewe unategemea mazoea. Agano pekee linahitaji ridhaa, na ridhaa haiwezi kurithishwa kama shamba. Kila kizazi lazima kikubali upya, na mtoto hawezi kukubali asichokijua. Kwa hiyo watu wa agano wakiacha kufundisha, hawapotezi somo moja tu katika ratiba. Wanapoteza uhalali wa kuwa watu wamoja. Kumbukumbu la Torati linaiweka amri ya kuwafundisha watoto kandokando ya amri ya kumpenda Mungu, na Elazar aliyasoma maagizo ya namna hiyo kama vifungu vya katiba.

Mwaka 1967 alianzisha kituo cha utafiti wa shirikisho katika Chuo Kikuu cha Temple, Philadelphia. Muda si mrefu akageukia swali ambalo wenzake hawakuliona: kwa nini sayansi ya siasa haiwachunguzi Wayahudi kama watu wanaojitawala? Zilikuwapo tafiti za jinsi Wayahudi wanavyopiga kura na jinsi wanavyoshawishi wabunge. Kuhusu vyombo vyao wenyewe, vyenye bajeti kubwa, viongozi, chaguzi na mivutano, palikuwa na ukimya. Sababu ni kwamba taaluma hiyo ilizoea kutazama dola, na asiye na dola hakuonekana kuwa na siasa. Community and Polity, kitabu chake cha 1976, kilikuwa jibu. Humo aliigawa kazi ya jamii ya Wayahudi wa Marekani katika nyanja tano: ibada na masinagogi, elimu na utamaduni, uhusiano na jamii nyingine, ustawi wa jamii, na mambo ya Israeli na Wayahudi wa ng'ambo. Kila uwanja una vyombo vyake, fedha zake na wakubwa wake. Kinachoviunganisha katika kila mji ni shirikisho la Kiyahudi la mji huo, chombo cha kuchangisha na kugawa fedha ambacho mfano wake wa kwanza ulianza Boston mwaka 1895.

Kuiweka elimu kama uwanja wa utawala hakukuwa ubunifu mtupu. Talmudi, katika sehemu ya Bava Batra, inasimulia jinsi kuhani mkuu Yehoshua ben Gamla alivyoagiza walimu wawekwe katika kila mji, na watoto waanze wakiwa na miaka sita au saba. Papo hapo inatajwa hesabu ambayo mwalimu yeyote wa leo ataisoma kwa wivu: watoto 25 kwa mwalimu mmoja, wakifika 40 awekewe msaidizi, na wakiwa 50 wawe walimu wawili. Amri hiyo ingekuwa maneno matupu kama mji usingekuwa na uwezo wa kutoza watu wake. Lakini Talmudi hiyo hiyo inawapa wakazi wa mji haki ya kujitoza na kujiwekea kanuni, na katika zama za kati viongozi wa jamii, waliokuja kuitwa watu wema saba wa mji, walizitumia haki hizo kuajiri walimu na kuwalipia yatima ada. Katika Poland, Baraza la Nchi Nne, lililodumu kwa karibu karne mbili hadi bunge la nchi hiyo lilipolivunja mwaka 1764, lilitunga kanuni kuhusu vyuo vya Torati pamoja na kodi na biashara.

Kisha dola za kisasa zikawapa Wayahudi uraia na kuwanyang'anya utawala huo. Katika nchi huru mwanajamii hawezi kutozwa kwa lazima, hawezi kutengwa, na akichoka anaondoka. Elazar aliishughulikia hali hii kwa uaminifu kuliko waandishi wengi wa kidini. Alisema jamii ya namna hii haina ukuta unaoizunguka; ina kitovu kinachovuta kama sumaku. Karibu na kitovu wapo waliojitoa, wanaoishi Uyahudi wao kila siku. Mbele kidogo wanaoshiriki mara kwa mara. Kisha wanaochangia fedha tu. Kisha walio pembeni. Na mwisho kabisa wale ambao hata wao wenyewe hawana hakika kama wamo. Mtu husogea ndani au nje katika maisha yake bila kumwomba yeyote ruhusa. Palipokuwa na ukuta, shule ilikuwa mojawapo ya huduma za mji. Palipo na sumaku, elimu inakuwa sehemu kubwa ya nguvu yenyewe ya kuvuta.

New York ilikuwa imeionyesha kweli hiyo kabla Elazar hajazaliwa. Mwaka 1908 mkuu wa polisi wa jiji, Theodore Bingham, aliandika kwamba nusu ya wahalifu wa New York ni Wayahudi. Hasira ya madai hayo ya uongo iliwasukuma Wayahudi wa jiji, wakiongozwa na rabi Judah Magnes, kuunda Kehillah, jaribio la kuwaweka chini ya uongozi mmoja wa kujichagulia. Mwaka 1910 Kehillah ilianzisha ofisi ya elimu na kuikabidhi kwa Samson Benderly, mzaliwa wa Safed aliyeacha udaktari ili awe mwalimu. Benderly alifundisha kundi la vijana ambao baadaye waliongoza elimu ya Kiyahudi katika miji mingi ya Marekani. Kehillah yenyewe ilisambaratika mwaka 1922, kwa kukosa fedha na kwa kukosa makubaliano. Ofisi ya elimu haikufa nayo. Miji mingine iliiga mfano wake, na United Hebrew Schools alikofanya kazi Albert Elazar zilikuwa za kizazi hicho hicho cha shule za jamii. Wayahudi wa New York walishindwa kukubaliana juu ya karibu kila jambo isipokuwa kwamba lazima kuwe na mahali pa kuwafundisha watoto.

Mwaka 1983 Elazar na Peter Medding walichapisha utafiti juu ya Wayahudi wa Argentina, Australia na Afrika Kusini. Nawashauri wanaotaka kumjua waanzie hapo badala ya vitabu vyake vya nadharia. Katika nchi hizo shule za Kiyahudi za kutwa, zinazofundisha masomo yote, zilikuwa zimekuwa mhimili wa jamii. Shule ya King David ya Johannesburg ilianza 1948, Mount Scopus ya Melbourne 1949. Kwa nini huko na si Detroit? Marekani ilikuwa na shule za umma ambazo wahamiaji walizipenda na kuziamini kama lango la uraia. Mzazi wa Kiyahudi aliyemtoa mtoto humo alionekana anamkatia njia. Australia na Afrika Kusini, tabaka la kati lilikuwa limezoea shule binafsi za makanisa, hivyo shule binafsi ya Kiyahudi haikumshangaza mtu. Mfumo wa nchi mwenyeji ulikwisha kuamua nusu ya jambo kabla Wayahudi hawajakaa kikao.

Elazar pia ana mapungufu, na nayataja kwa sababu ninaithamini kazi yake. La kwanza, alikubali mapema mno kwamba jamii ya hiari itaongozwa na wenye muda na fedha. Aliuita uongozi huo udhamini, akaueleza kana kwamba ni mfano mwingine wa agano. Lakini mdhamini asiyechaguliwa, anayeketi bodini kwa sababu hundi yake ni nene, haingii rahisi katika agano la walio sawa. Mwezi Novemba 1969 wanafunzi waliandamana kwenye mkutano mkuu wa mashirikisho ya Kiyahudi mjini Boston, wakidai fedha zaidi ziende kwenye elimu. Walikuwa wanaiuliza hoja ya Elazar kutoka chini: nani anaamua, na kwa ruhusa ya nani? La pili, katika kurasa zake nyingi mwalimu haonekani. Tunaona bodi, idara, bajeti na nyanja. Mwanamke anayefundisha alasiri tatu kwa juma, kwa mshahara usioweza kumlisha, haonekani, na shule hizo zimesimama juu ya wanawake kama yeye. La tatu, wanahistoria wana haki ya kulalamika kwamba aliuona uzi mmoja usiokatika kutoka Sinai hadi Philadelphia, mahali ambapo ushahidi unaonyesha mafundo na mikato mingi.

Mtu aliyeingia ndani ya pengo la kwanza, lile la uongozi, ni Jonathan Woocher. Kitabu chake, Sacred Survival, kilitoka 1986 na kilichunguza imani za viongozi wa mashirikisho ya Kiyahudi. Aliona kwamba wanashika dini ya kiraia ambayo ndani yake kuchangia, kuitetea Israeli na kuhakikisha Wayahudi hawatoweki ndizo ibada kuu. Mwaka huo huo aliacha kazi ya chuo kikuu akaenda kuiongoza JESNA, taasisi ya elimu ya Kiyahudi ya Amerika Kaskazini, na kukaa kwenye uongozi hadi 2007. Wasomi wengi huandika kuhusu taasisi na kubaki chuoni. Yeye alikwenda kuibeba.

Akaibeba katika wakati mgumu. Takwimu za mwaka 1990, zilizosema zaidi ya nusu ya ndoa mpya za Wayahudi wa Marekani zilikuwa na watu wasio Wayahudi, zilizua hofu kubwa, na ghafla kila mtu akagundua elimu. Fedha zilimiminika, lakini kwa sehemu kubwa kupitia mifuko binafsi ya matajiri, ambao hawakulazimika kumsikiliza yeyote. Idadi ya wanafunzi wa shule za kutwa ilipanda kutoka 185,000 hivi mwaka 1998 hadi karibu 255,000 mwaka 2013, na sehemu kubwa ya ongezeko hilo ilitoka kwa Wayahudi wa Kiorthodoksi, hasa wale wanaoishi kwa kujitenga, waliojirudishia ukuta. JESNA yenyewe ilifungwa mwaka 2013. Mashirikisho ya miji yalikuwa na fedha zake na mifuko ya matajiri ilikuwa na yake, na hakuna aliyeona ulazima wa kukilisha chombo cha katikati. Woocher alifariki 2017. Naiona hatima ya JESNA kuwa somo halisi la nadharia ya shirikisho: chombo cha pamoja kisicho na chanzo chake cha mapato huishi kwa hisani ya wanachama. Nusu ya historia ya muungano wowote, ukiwamo wa Jumuiya ya Afrika Mashariki iliyovunjika 1977, imo katika sentensi hiyo.

Afrika Mashariki ina ushahidi wake pia, nje kidogo ya Mbale, Uganda. Semei Kakungulu, jemadari wa Kiganda aliyekosana na Waingereza, aligeukia Uyahudi mwaka 1919 pamoja na wafuasi wake, ambao uzao wao ndio Abayudaya. Hawakuwa na rabi, wala fedha za mfadhili yeyote. Idi Amin alipopiga marufuku dini yao wengi waliondoka, na jamii ya maelfu ikabaki watu mia chache. Waliobaki walijijenga upya kwa ushirika wao na kwa shule. Leo wana shule ya msingi Hadassah na sekondari inayobeba jina la Kakungulu, na humo watoto wa Kiyahudi, wa Kikristo na wa Kiislamu wanasoma pamoja. Gershom Sizomu alisomea urabi Los Angeles, akatawazwa 2008, akarudi nyumbani kufundisha. Mwaka 2016 wapiga kura, ambao wengi wao si Wayahudi, walimpeleka bungeni. Anayetaka kuipima hoja ya Elazar kwamba utawala wa watu na elimu yao ni kitu kimoja hana haja ya kupanda ndege kwenda Philadelphia. Apande basi kwenda Mbale.

Idara zetu za sayansi ya siasa, Dar es Salaam, Nairobi, Makerere, zina wataalamu wazuri wa vyama, chaguzi na katiba. Nawaomba wamsome Elazar kwa ajili ya jambo moja. Madrasa inayoendeshwa na kamati ya msikiti, sekondari ya dayosisi, shule za Ismailia na za Bohora, shule ya kata iliyojengwa kwa michango ya wanakijiji: kila moja ina katiba, iliyoandikwa au isiyoandikwa, ina watoza fedha, ina waamuzi na ina wanaonyamazishwa. Tunajua idadi ya wanafunzi wao na matokeo yao ya mitihani. Utawala wao haujachunguzwa kwa uzito unaostahili, na kazi hiyo ni ya wanasayansi wa siasa. Ianze sasa, wakati wazee waliozianzisha shule hizo bado wapo wa kuulizwa.